Akili ikitoroka, usiifukuze

Dakika ya tatu ya kukaa kutafakari, mguu wa kushoto ulikufa ganzi. Dakika ya nne nikawa namwandikia kichwani barua mtu aliyeniudhi wiki mbili nyuma, barua ya maneno makali, iliyopangika vizuri kuliko yoyote niliyowahi kuiandika kwa mkono. Dakika ya sita nikafumbua jicho moja kutazama saa. Sauti ya kwenye programu ya simu bado ilikuwa inanibembeleza niiache akili iwe tupu kama anga lisilo na wingu. Nikajiona mjinga. Nikazima simu, nikanyoosha mguu, nikasema haya mambo wameumbiwa watu watulivu.

Nilikwenda hivyo kwa miezi kadhaa, najaribu siku mbili, naacha kumi. Nilichokuwa nakitaka ni usingizi tu. Nilikuwa naamka saa tisa usiku roho juu, nahesabu makosa yangu na ya wenzangu mpaka kunakucha. Mtu akaniambia kutafakari kunasaidia. Hakunieleza kumetoka wapi wala kunafanyaje kazi, na ile programu nayo haikusema. Nafuu ilianza nilipoachana na ile sauti nikaanza kusoma waliyoyafundisha Wabudha wa kale, wafuasi wa Buddha wa India. Karibu kila tatizo nililodhani ni langu peke yangu, walikuwa wameshalipa jina na kulitafutia dawa, zaidi ya miaka elfu mbili iliyopita.

Shida yangu ya kwanza nadhani ilikuwa ya lugha. Kwa Kiswahili, mtu akikwambia nenda ukatafakari anataka ukalipime jambo kwa kina, urudi na jibu. Kwa hiyo nilikaa, nikafumba macho, nikafikiri! Wengine husema taamuli, lakini nayo ni kuzama katika fikra. Tahajudi kwa Waislamu ni sala ya usiku, jambo jingine kabisa. Sasa, Kipali, lugha iliyohifadhi sehemu kubwa ya maandiko ya kale ya Kibudha, ina maneno mawili yaliyonifumbua macho. La kwanza ni bhavana, neno lao la zoezi hili, yaani kukuza, kustawisha. La pili ni sati, ambalo asili yake ni kukumbuka. Hapa hakukusudiwi kukumbuka mambo ya jana, bali kukumbuka ulichokuwa unakifanya sasa hivi. Umekaa na pumzi yako, umeisahau, umekumbuka. Basi. Ile nukta ya kukumbuka, ambayo mimi niliihesabu kuwa ushahidi kwamba nimeshindwa, ndiyo zoezi lenyewe.

Siddhartha Gautama, aliyekuja kuitwa Buddha, hakuwa mtu wa kwanza kukaa kimya na kufumba macho. Alizaliwa Lumbini, katika Nepal ya leo, na kwa mapokeo ya Wabudha aliondoka nyumbani kwao akiwa na umri wa miaka 29. Alikuta tayari India ina walimu wa kazi hiyo. Alisoma kwa wawili, Alara Kalama na Uddaka Ramaputta, akafika pale walipofika wao: utulivu mzito sana wa akili. Akaona hautoshi, maana mtu akitoka kwenye utulivu ule anarudi na hofu zake zilezile. Akageukia kujitesa. Alijinyima chakula mpaka, maandiko yanasema, akigusa ngozi ya tumbo anashika uti wa mgongo.

Kilichomtoa huko ni kumbukumbu moja ndogo. Alikumbuka akiwa mtoto, baba yake yuko kazini, yeye amekaa peke yake kwenye kivuli cha mti wa jambu, mti wa jamii moja na mzambarau, na akili yake ikatulia yenyewe bila kulazimishwa na mtu. Akajiuliza kwa nini anaiogopa raha ile isiyo na ubaya. Akala, akapata nguvu, ndipo akaenda kuketi chini ya mti pale panapoitwa leo Bodh Gaya, kaskazini-mashariki mwa India. Mimi nimeisoma sehemu hiyo mara nyingi kuliko ile ya kuangaziwa kwenyewe, yaani kuufikia ukweli aliokuwa anautafuta, chini ya mti ule. Mtu aliyemaliza mbinu zote za kujilazimisha anakuja kuokolewa na mtoto aliyekaa tu kivulini.

Basi ukianza, usijilazimishe, ila pia usijilegeze. Kuna mtawa aliyeitwa Sona, aliyefanya bidii ya kutembea huku na huko akitafakari mpaka nyayo zikatoka damu. Zamani alikuwa mpigaji wa vina, zeze la Kihindi. Buddha akamuuliza: nyuzi zikikazwa kupita kiasi zinalia vizuri? Hapana. Zikilegea? Hapana. Hapo mtu yeyote aliyewahi kukaza uzi wa ala ya muziki ameshaelewa. Kwa mwili ina maana hii: kaa mahali mgongo unaweza kunyooka bila kushikiliwa. Kiti kinatosha kabisa, nyayo zote mbili sakafuni. Mimi nilijikunja miguu kama sanamu kwa sababu ya picha nilizoziona, na malipo yake yakawa ganzi. Ukipenda kukaa chini, weka mto chini ya makalio ili magoti yashuke, mgongo utanyooka wenyewe.

Halafu itafute pumzi. Usiivute kwa nguvu wala kuipunguza. Fundisho la kale la pumzi, anapanasati, lina hatua 16, na ya kwanza haidai chochote zaidi ya kujua: ikiwa ndefu, ujue ni ndefu, ya pili, ikiwa fupi, ujue ni fupi. Chagua mahali pamoja pa kuipokea. Mahasi Sayadaw, mtawa wa Burma aliyefariki mwaka 1982, aliwafundisha wanafunzi wake kufuata tumbo likipanda na kushuka. Wengine hukaa kwenye tundu za pua. Mimi nakaa puani. Pumzi inaingia na ubaridi mdogo kwenye ukingo wa tundu, zaidi upande wa kulia, sijui kwa nini. Inatoka na uvuguvugu. Katikati yake kuna kituo kifupi ambapo hakuna kinachoingia wala kutoka, na hapo ndipo akili yangu hupenda kuchomoka.

Ikikuwia vigumu, hesabu. Buddhaghosa, mwanachuoni wa karne ya 5 BK, alishauri hesabu isipungue tano wala isizidi kumi, kisha urudi moja. Ina busara yake: ukiishia tatu akili inabanwa, ukienda mpaka hamsini unaanza kuifuata hesabu badala ya pumzi. Siku za mwanzo sikuwa nafika nne. Mara nyingine nilijikuta kumi na saba, ishara kwamba mwenye kuhesabu alikuwa ameshaondoka zamani.

Akili itatoroka. Buddha mwenyewe aliifananisha na nyani anayerukaruka msituni, akiachia tawi hili anashika lile. Buddhaghosa ana mfano ninaoupenda zaidi, wa ndama anayetenganishwa na mama yake na kufungwa kamba kwenye nguzo. Ndama anaruka, anavuta kamba, anahangaika huku na huku, na mwisho anajilaza palepale penye nguzo. Hakuna aliyempiga. Pumzi ndiyo nguzo, na kukumbuka ndiko kamba. Ukigundua umeshafika mbali, rudi bila kujitukana. Kujitukana nako ni safari nyingine, tena ndefu.

Kuna mambo matano ambayo Wabudha huyaita vizuizi: tamaa, chuki, uzito wa usingizi, wasiwasi, na shaka. Yatakutembelea yote, wakati mwingine ndani ya dakika kumi. La kwangu ni usingizi, na mtaona kichekesho chake: usiku hauji, nikikaa kutafakari unakuja mbio. Niliona aibu mpaka niliposoma kwamba Moggallana, mmoja wa wanafunzi wawili wakuu wa Buddha, alikutwa anasinzia. Orodha ya dawa aliyopewa inafurahisha. Vuta masikio yako. Jisugue viungo. Inuka, nawa macho kwa maji, tazama nyota. Tembea. Yote yakishindikana, lala kwa ubavu wa kulia, ukiwa umeazimia kuinuka ukiamka. Mimi huishia kwenye masikio. Ukiona unasinzia kila siku, basi huna haja ya tafakuri, una haja ya kulala.

Maumivu yana somo lake. Mfano wa mishale miwili unasema hivi: mtu amechomwa mshale mmoja, nao unauma, kisha kwa kulalamika na kuhangaika anajichoma wa pili. Nilikuwa nauona kuwa maneno mazuri tu, hadi siku moja nilipowashwa kwenye bawa la pua katikati ya kikao. Nikaamua nisijikune, nitazame. Kwanza kilikuwa kidoa cha moto. Kikapanuka, kikawa kama sindano tatu zinazopokezana, nikasadiki kabisa kwamba nisipojikuna nitapata wazimu. Pumzi nne au tano baadaye nilikitafuta sikukiona. Kuwashwa kwenyewe kulikuwa kudogo. Kilichokuwa kikubwa ni ile kesi niliyoifungua juu yake. Hiyo ndiyo vipassana kwa kiwango cha mtoto wa shule, kuona jambo linavyozuka na kupita, tofauti na samatha ambayo ni kutuliza. (Mguu unaouma kweli usogeze. Hakuna tuzo ya goti bovu.)

Kuhusu muda, dakika kumi kila siku zinanitosha kumpendekezea mtu. Saa moja ya Jumapili peke yake, hapana. Mimi hukaa nikiamka, kabla sijashika simu, kwa sababu nikishaishika sirudi. Usianze na kambi ya siku kumi za kimya. Mafunzo hayo, yaliyosambazwa duniani na mwalimu wa vipassana S. N. Goenka baada ya kuanza kufundisha India mwaka 1969, ni mazito, na aliyeanza jana hajui anaingia wapi.

Wengi tumeipata tafakuri kupitia hospitali na simu. Mwaka 1979 Jon Kabat-Zinn alianzisha katika chuo cha udaktari cha Massachusetts, Marekani, mafunzo ya wiki kadhaa kwa wagonjwa wenye maumivu sugu na misongo, akatumia mazoezi ya Kibudha bila kuwatwisha dini. Sina ugomvi na hilo, limewafaa wengi. Ila kuna kitu kimebaki njiani. Katika njia ya Buddha yenye sehemu nane, sati ni ya saba na utulivu wa akili ni ya nane. Kabla yake kuna kusema vyema, kutenda vyema, kuchuma riziki kwa njia safi. Nilidhani ni mahubiri. Kisha siku moja nilidanganya kazini, uongo mdogo, nikasema nimeshatuma kazi ambayo sikuwa nimeigusa. Kesho yake asubuhi nikakaa. Kila pumzi ilikuja na uongo ule mgongoni, pamoja na uongo mwingine wa kuutetea. Hakuna mto wala kiti kilichonisaidia. Nilipokiri, vikao vikarudi kawaida.

Je, utakuwa Mbudha? Mimi si Mbudha, nasali kwa dini yangu, na kufuata pumzi hakujanidai kuabudu chochote. Lakini siwezi pia kujifanya kwamba zoezi hili limeokotwa barabarani. Kama imani yako inakukataza, liache kwa amani.

Na kama unabeba jambo zito, msiba mbichi, kumbukumbu za kuumizwa, sonona, usijifungie nalo kimya peke yako. Kufumba macho kunaweza kulileta lote mbele mara moja. Zungumza kwanza na daktari au mshauri, usiache dawa zako, na ukiona kikao kinakuzidishia hofu, fumbua macho, simama, tembea. Kutembea polepole ukifuata nyayo nako ni tafakuri, tena ya tangu zamani.

Ule usingizi nilioufuata? Bado naamka saa tisa usiku, si kila siku. Nikiamka nalala chali nahesabu pumzi mpaka kumi, narudi moja. Mara nyingi sijui niliishia wapi. Mara nyingine nahesabu weee, barua ile ya maneno makali inakuja na aya mpya, alfajiri inanikuta macho, na naenda kazini na usingizi wangu.