Mto Pangani: maji yanayobaki baada ya wote kunywa

Swali la wiki lilikuwa: "Mto ulio karibu nawe unatoka wapi, na watu wameufanyia nini njiani?" Kwa mtu wa Pangani, sehemu ya kwanza iko mdomoni tangu shule ya msingi: unatoka kwenye theluji ya Kilimanjaro. Naomba nianzie hapo hapo, maana kosa hilo dogo ndilo linalotufanya tuililie barafu na kuusahau msitu.

Barafu ya Kibo, kilele kikuu cha Kilimanjaro, imepungua kwa zaidi ya asilimia 80 tangu 1912. Kama mto ungeitegemea, leo tusingekuwa na mto wa kuzungumzia. Mchango wa barafu ni mdogo sana, na sehemu yake kubwa hupotea hewani kwa jua na upepo mkavu bila hata kugeuka maji. Maji ya mlima yanatoka kwenye mkanda wa msitu, takriban kati ya mita 1,800 na 2,800. Upande wa kusini mvua hapo hupita milimita 2,000 kwa mwaka, na majani ya miti yananasa ukungu na kuudondosha chini tone kwa tone hata siku isiyo na mvua. Maji hayo yanazama kwenye mwamba wa volkano uliojaa nyufa, yanatembea chini kwa chini, kisha yanaibuka tambarare kama chemchemi. Chemka, wilayani Hai, ni mojawapo: maji maangavu yanabubujika katikati ya nchi ya miiba na vumbi, masika na kiangazi. Chemchemi za namna hiyo ndizo zinazoushikilia mto Kikuletwa usikauke. Moto ukiuteketeza msitu wa juu, hasara yake kwa mto ni kubwa kuliko kuyeyuka kwa kipande chochote cha barafu.

Kikuletwa ni mkono mmoja, unaokusanya maji ya Mlima Meru na kusini ya Kilimanjaro. Mkono wa pili ni Ruvu, unaotoka Ziwa Jipe mpakani na Kenya. (Huu sio Ruvu wa Bagamoyo, jina ni moja, mito ni miwili, na vitabu vya watoto huichanganya.) Mikono hiyo inakutana kwenye bwawa la Nyumba ya Mungu, kisha mto unashuka kusini-mashariki, milima ya Pare na Usambara ikiwa kushoto na nyika ya Wamaasai kulia, hadi kufika baharini kati ya Pangani mjini na Bweni. Safari yote ni kama kilomita 500. Bonde lake linazidi kilomita za mraba 43,000, lakini sehemu kubwa ni nchi kavu: tambarare za Mwanga na Same ziko kwenye kivuli cha mvua na hupata chini ya milimita 600. Ukiacha mito ya Mkomazi na Luengera inayoingia upande wa Korogwe, huku kati mto unanyonywa kuliko unavyoongezewa.

Wa kwanza kuunyonya ni mkulima wa milimani, na alikuwa na adabu yake. Wachaga walichimba mifongo, mifereji inayotoa maji korongoni na kuyatembeza ubavuni mwa mlima hadi kwenye vihamba, yaani mashamba yao ya nyumbani. Upareni na Usambara kuna ndiva. Ndiva ni bwawa dogo la udongo na mawe lililojengwa juu ya mashamba. Jioni tundu la kutolea maji linazibwa kwa mti, majani na tope. Mfereji unaingiza maji usiku kucha wakati hakuna anayemwagilia. Alfajiri tundu linazibuliwa na maji yanatoka kwa nguvu ya kufika shamba la mwisho. Maji hayo hayo yakiachwa yatiririke mchana na usiku bila ndiva, yangekuwa kijito chembamba kinachoishia kwenye udongo wa mfereji. Ndiva isipozolewa matope kila mwaka inajaa na kubeba maji kidogo, ndiyo maana kuna kazi ya pamoja, na asiyejitokeza hupoteza zamu.

Tazameni sasa banio la asili, pale maji yanapochepushwa mtoni. Ni mawe, matawi, migomba na majani. Linavuja. Wataalamu waliokuja na saruji waliona uvujaji huo ni upotevu, wakajenga banio la zege lenye lango la chuma. Lakini kuvuja kule ndiko kulikokuwa fungu la mtu wa chini. Banio la majani haliwezi kuchukua mto wote hata likitaka, na mafuriko yakija linazolewa, mto unapita mzima mpaka watu walijenge upya. Banio la zege linaweza kuukausha mto kiangazi kwa kuzungusha usukani mmoja. Mimi si mpinzani wa zege, kwa kuwa mifereji ya udongo kweli hupoteza maji mengi njiani. Ila ukijenga banio la zege bila kuacha tundu lisilofungika kwa ajili ya mto wenyewe, umempa mtu wa juu mamlaka ambayo wazee hawakumpa.

Nyumba ya Mungu lilijengwa katikati ya miaka ya 1960. Likijaa linatanda eneo la kilomita za mraba kama 140, na mtambo wake hutoa megawati 8. Miaka ya mwanzo samaki walifurika, na watu wakahamia pwani ya bwawa kutoka kila upande. Kisha samaki wakapungua vibaya. Uvuvi wa kupindukia ulichangia, ila kuna sababu nyingine isiyosemwa sana: bwawa jipya linafunika nyasi, miti na samadi ya miaka mingi, vyote vinaoza na kuwa rutuba kwa mara moja. Rutuba hiyo ikiisha, bwawa linarudi kwenye uwezo wake halisi. Aliyenunua nyavu kwa hesabu ya miaka ile ya neema alikuwa akihesabu mali isiyojirudia.

Chini ya bwawa kulikuwa na kinamasi kikubwa cha Kirua. Kiliishi kwa mafuriko: mto ulipanda, ukamwaga maji na matope pembeni, perege na kambare wakazaliana, malisho yakaota. Bwawa lilipoyakata mafuriko, kinamasi kikasinyaa. Katika perege wa mto huu wamo wasiopatikana kiasili popote duniani nje ya bonde hili, kama Oreochromis pangani na Oreochromis jipe. Perege wa kigeni wakimwagwa kwenye maji yao wanazaana nao, na baada ya vizazi vichache huwezi tena kuwatenga.

Karibu na Hale mto unaanguka kutoka nyanda za juu kuja pwani, na hapo ndipo umeme ulipo. Kituo cha kwanza cha Maporomoko ya Pangani ni cha miaka ya 1930, Hale ya megawati 21 ni ya 1964, na kituo kipya cha maporomoko, cha megawati 68, kilianza kazi katikati ya miaka ya 1990. Hicho kipya kinaangusha maji kwa kimo cha mita 170 hivi, kwa hiyo kila mita moja ya ujazo inayopita kwa sekunde inatoa karibu megawati moja na nusu. Ili kizunguke kwa nguvu zote kinahitaji mita za ujazo 45 kwa sekunde, kiasi ambacho kiangazi mto hauna.

Hapa niseme jambo ambalo wenzangu wa Pangani hawalipendi. Umeme haunywi maji. Maji yanayopita Hale yanarudi mtoni, tena mahitaji ya umeme ndiyo yanayolazimisha maji yaachiwe kutoka Nyumba ya Mungu hadi huku kwetu. Lawama ya mabwawa ni nyingine: yamekata mafuriko, na yanazuia mchanga. Mchanga uliokuwa ukija kulisha fukwe unatua bwawani. Ufukwe usiolishwa unaliwa, na mjini Pangani ilibidi ujengwe ukuta kuzuia bahari.

Historia ya watu huku chini nitaipitia haraka. Bonde lilikuwa njia ya misafara ya pembe za ndovu kwenda Kilimanjaro na Umaasai. Burton na Speke, wapelelezi wa Kiingereza, walipanda nalo mwaka 1857 kwenda Vuga kumwona Kimweri ya Nyumbai, mtawala wa Usambara. Kandokando ya mto, kwenye udongo mweusi wa mafuriko, kulikuwa na mashamba ya miwa yaliyolimwa kwa jasho la watumwa. Abushiri bin Salim alikuwa mwenye shamba la miwa Pangani, na hapo hapo, mwaka 1888, kiburi cha wakala wa kampuni ya Kijerumani, Emil von Zelewski, kiliwasha vita vya pwani nzima. Abushiri alinyongwa Pangani tarehe 15 Desemba 1889. Halafu reli ikaanza Tanga mwaka 1893, ikafika Korogwe 1902, na biashara ya bonde ikageuza uso kuelekea bandari ya Tanga. Mlango wa Pangani una fungu la mchanga lisiloruhusu meli kubwa, haukuweza kushindana.

Mwaka ule ule wa 1893 mkonge uliingia nchini, na ulianzia kando ya mto huu. Richard Hindorf aliagiza miche 1,000 kutoka Florida. Iliyosalimika ni 62, ikapandwa Kikogwe, kusini ya mdomo wa mto. Kwa mto, shida ya mkonge iko kwenye korona, mashine ya kukamua majani. Kilo 100 za majani hutoa kilo 4 hivi za singa, yaani nyuzi. Zilizobaki ni majimaji na makapi yanayooshwa kwa maji mengi. Yakimwagwa mtoni mabichi, vijidudu vinavyoyaozesha vinamaliza hewa ya majini, na samaki wanapanda juu wakihema. Dawa ni kuyatuliza kwenye mabwawa kwanza, au kuyageuza biogesi kama ilivyofanyika Hale.

Sasa mdomoni. Maji ya bahari ni mazito kuliko maji baridi, kwa hiyo yanaingia kwa chini kama ulimi, yakitambaa juu ya matope ya sakafu, huku maji baridi yakiteleza juu kuelekea baharini. Ulimi huo ufike wapi kunategemea bahari imejaa kiasi gani na mto unashusha maji kiasi gani. Zamani mto ulikuwa ukiusukuma. Kila mfereji ulioongezwa juu umeupunguzia mto nguvu hiyo, na chumvi imepanda.

Mikoko inaonyesha mpaka wenyewe. Mlilana husimama mbele, ukiitazama bahari. Mkoko hufuata kingo za mkondo. Mkomafi na msikundazi hupenda kule maji baridi yanakofika. Mchu ndio unaostahimili chumvi kali kuliko yote. Miti ya maji baridi ikianza kukauka vilele na machipukizi ya mchu yakaota chini yake, chumvi imeshafika, hata kama maji ya juu bado yananyweka.

Kwa anayevuta maji ya mto kwenye mpunga, ulimi wa mtu ni kipimo kibaya. Mpunga huanza kupunguza mavuno maji yakifika desisimens 2 kwa mita kwenye kipima chumvi, sawa na gramu 1.3 hivi kwa lita. Hiyo ni ndoo moja ya bahari ndani ya ndoo 26 za maji baridi. Mtu mwenye kiu hataona tofauti kubwa. Lakini ukiingiza maji hayo sentimita 10 kwenye ekari moja, umeingiza zaidi ya kilo 500 za chumvi, magunia kumi ya kilo 50. Jua likikausha maji, chumvi inabaki. Ndiyo maana kuongeza maji juu ya maji bila kuyatoa ya zamani ndiko kunakoua shamba: lazima uwe na mfereji wa kutolea. Mpunga huumia zaidi ukiwa mche mchanga na wakati wa kuchanua. Ncha za majani hukauka, na mashuke hutoka mapepe.

Vuta maji mwisho wa kupwa, kabla bahari haijageuka, na kumbuka saa hiyo husogea mbele kama dakika 50 kila siku. Wakati wa maji mafu, siku ambazo bahari hujaa na kupwa kidogo, matabaka yametengana, kwa hiyo mdomo wa bomba uwe karibu na uso wa maji. Funga kwenye boya, usiuache ulale sakafuni. Wakati wa bamvua, siku ambazo bahari hujaa na kupwa sana, mkondo mkali unavuruga maji yote, tabaka la juu halikuokoi, pima kwanza au acha. Mwezi mgumu ni Machi: kaskazi imeumaliza mto, masika haijafika, na bamvua za majira hayo ni kati ya kubwa za mwaka.

Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya 2009 inaweka maji ya nyumbani kwanza, kisha fungu la mazingira, ndipo matumizi mengine yafuate. Fungu hilo la pili ndilo linalotuhusu, na haliwezi kulindwa kwa vipimo vya wingi wa maji vya Korogwe peke yake. Kinahitajika kipima chumvi cha kudumu mtoni juu ya mji wa Pangani, kinachosomwa Februari na Machi siku za bamvua maji yakiwa yamejaa, na namba zake ziwe mezani bodi ya bonde inapogawa vibali vya maji huko Hai na Moshi.