Wana watano, na jina likaisha

SWALI: Shikamoo mwalimu. Mimi ni fundi cherehani, Ng'ambo, Tabora. Marehemu baba alituacha mabinti watupu, na baba wadogo wanasema ukoo umekufa. Kijana wangu kasoma kwamba William Marshal, askari mpanda farasi na kabaila wa Uingereza ya kale, alikuwa na wana watano, bado ukoo ukaisha. Ni kweli?

JIBU: Marahaba, binti yangu. Ni kweli. Alimwoa Isabel de Clare mwaka 1189, wakapata wavulana watano na wasichana watano. Yeye mwenyewe utotoni, mwaka 1152, baba yake alimweka rehani kwa Mfalme Stephen, kisha baba huyo akavunja ahadi. Alipoambiwa mtoto atanyongwa, akajibu kuwa nyundo na fuawe anazo, atafua wengine bora zaidi. Kila nikifika hapo moyo huniuma. Aliyemhurumia mtoto ni mfalme, si baba.

William alifariki 1219. Wanawe wakarithiana mmoja mmoja. Mmoja wao, Gilbert, aliangushwa na farasi kwenye mashindano, 1241. Wa mwisho, Anselm, alifariki 1245. Hakuna aliyeacha mtoto wa ndoa. Ardhi ikagawanywa kwa mabinti na watoto wao, na damu ya mzee ikaendelea kwa hao. Wasomee baba zako wadogo jibu hili, tena kwa sauti.