Jibu: Anza na barabara ya Magadi, Mai Mahiu baadaye

Ndugu, nimesoma swali lako mara mbili. Uko upande wa Nairobi, una gari dogo, watoto wawili na Jumamosi moja, na unataka waielewe ardhi ya Bonde la Ufa, si kusimama tu pale juu ya Mai Mahiu, kupiga picha, kununua kofia ya manyoya ya kondoo na kurudi nyumbani. Umeuliza uanzie wapi, na kama gari dogo litafika.

Mimi nilifanya kazi miaka kumi na minne na mtambo wa kuchimba visima. Nilikuwa dereva wa lori la mabomba: leo Karen, kesho Kitengela, wiki ijayo Machakos au Narok. Miamba sikuisomea chuoni, niliiona ikitoka ardhini mita kwa mita. Kwa hiyo nakujibu kwa yale niliyoyashika kwa mkono.

Kabla hata hujawasha gari, waambie watoto waangalie matope ya viatu vyao. Kama mnaishi Kikuyu, Kiambu au Lavington, tope ni jekundu. Kama mko Embakasi, Athi River au Kitengela, tope ni jeusi na linanata hadi kiatu kinakuwa kizito kama jembe. Mama wa udongo wote huu ni volkeno. Kule juu, kwenye miinuko na mvua nyingi, maji hupenya na kushuka, chuma kilichomo ndani ya mwamba kikapata kutu, udongo ukawa mwekundu. Huku chini ni tambarare, maji hayana pa kwenda, yanatuama, udongo unabaki mweusi, unavimba masika na kupasuka kiangazi. Lori letu liliwahi kuzama kwenye udongo huo karibu na Isinya tukalala siku mbili porini, magurudumu yamefunikwa kabisa. Tangu hapo nikiona ardhi imegeuka rangi mbele yangu, mguu unahama wenyewe kwenye pedali.

Sasa nikueleze kitu kimoja ambacho ndicho kilinifungua macho. Tulikuwa tunachimba upande wa Karen. Kompresa ilitema vumbi la kijivu kutwa nzima, mwamba mgumu, meno ya kuchimbia yanalia. Fundi wetu mkuu, tukimwita Mzee, alikuwa na desturi ya kukinga changarawe zinazotoka na kuzimwaga juu ya turubai, fungu moja kila mita mbili, hadi mafungu yanajipanga kama nyanya sokoni. Kijivu, kijivu, kijivu. Tulipopita mita mia na themanini hivi, likatoka fungu la kahawia inayoelekea wekundu, laini. Mzee akachuchumaa, akalisugua kwa kidole gumba, akaninyoshea.

"Kijana, hapa palikuwa nje."

Nikamuuliza, "Nje vipi, Mzee?"

"Nje. Jua liliwaka hapa, nyasi ziliota, mvua ilinyesha. Halafu lava ikaja ikafunika."

Na maji tuliyapata papo hapo, kwenye udongo ule wa zamani uliobanwa kati ya lava mbili. Visima vingi vya Nairobi hupata maji yake hivyo: katikati ya mmwagiko mmoja na mwingine, pale ambapo ardhi ilipumzika muda wa kutosha kuota udongo. (Maji yenyewe mara nyingi yana floraidi nyingi kwa sababu ya miamba hiyohiyo ya volkeno, ndiyo maana meno ya kahawia ni ya kawaida sehemu nyingi za huku. Ukiwa na kisima, peleka maji yakapimwe.) Tangu siku ile, kila ninapopita mahali barabara imekata kilima najiuliza swali la Mzee: ni tabaka gani hapa liliwahi kuwa nje? Wafundishe watoto swali hilo moja tu, linatosha safari nzima.

Barabara ya Magadi naipendekeza kwa sababu inalijibu swali hilo waziwazi kuliko nyingine zote za karibu. Nairobi iko zaidi ya mita 1,600 kutoka usawa wa bahari, Ziwa Magadi liko karibu mita 600. Umbali ni kama kilomita 110. Ina maana unashuka zaidi ya kilomita nzima kwenda chini kwa safari ya asubuhi, na hushuki kwa mteremko mmoja, unashuka ngazi.

Mkiwa bado mjini, waonyeshe milima ya Ngong. Kutoka huku inaonekana milima mizima. Pita Kiserian, fika Corner Baridi, barabara ianze kuinama. Teremkeni kilomita kadhaa, tafuta mahali palipo wazi, simama, wageuze watoto watazame nyuma. Ngong mtaiona imekatika. Ilikuwa volkeno moja kubwa, bonde lilipofunguka sehemu yake ya magharibi ikazama, na mnachokiona ni kipande kilichobaki ukingoni. Mimi nilipita pale miaka mitatu bila kugeuka nyuma, nikidhani mlima ni mlima. Siku niliyogeuka nilizima injini kabisa.

Kutoka hapo kuelekea Oltepesi, angalia jinsi barabara inavyofanya: inashuka, inakuwa tambarare, inakutana na ukuta mfupi wa mawe meusi, inapanda au kuzunguka, inashuka tena. Kuta hizo karibu zote zinaelekea kaskazini na kusini. Sakafu ya bonde pale ni lava ya trakaiti, aina ya mwamba wa volkeno, iliyomwagika na kutandaa kama uji kwenye sinia, yapata miaka milioni moja iliyopita, kisha ikapasuka vipande virefu vilivyopanda na kushuka. Kila ukuta ni ufa. Wahesabishe watoto, kila ukuta pointi moja. Wangu walibishana hadi Magadi.

Kituo kikuu kiwe Olorgesailie. Ni eneo la Makumbusho ya Taifa, lina ada ya kiingilio na mtu wa kuwatembeza. J. W. Gregory, yule aliyeliita bonde letu Bonde la Ufa, alikuta mashoka ya mawe ya watu wa kale huku mwaka 1919, na Louis na Mary Leakey wakagundua mwaka 1942 kwamba yamezagaa kwa wingi usio wa kawaida. Utayaona yamelala palepale chini, unatembea juu ya daraja la mbao. Watu wengi wanaangalia mashoka tu. Ninakuomba uangalie pia udongo mweupe kama chaki uliotanda pande zote. Ule ni daiatomaiti, makombora ya mimea midogo ya majini isiyoonekana kwa macho, mamilioni kwa mamilioni. Mwenyeji mmoja aliwahi kunipa kipande kilichokuwa kimeanguka kando ya njia: chepesi ajabu, na nilipokigusisha ulimi kiling'ang'ania. Kumbe nilikuwa nimelamba ziwa. Pale penye miiba, joto na vumbi palikuwa na maji, yakaja na kuondoka mara nyingi, na kati ya tabaka hizo nyeupe kuna za kijivu, majivu ya volkeno. Majivu hayo ndiyo yanayowawezesha wataalamu kupima umri: tabaka zile zimeanza yapata miaka milioni 1.2 iliyopita. Kipande usichukue, hata kama ni kidogo. Angalia, gusa kile unachoruhusiwa, uache.

Kama bado kuna muda na maji ya kunywa, endeleeni hadi Magadi mwone magadi yenyewe yametanda kama barafu chafu yenye wekundu kwa mbali. Chemchemi za maji moto pembezoni ndizo zinazolilisha ziwa hilo chumvi yake, na jua linafanya kazi iliyobaki.

Sasa Mai Mahiu. Sisemi msiende, nasema iwe ya pili, kwa sababu ukiwa kule juu unaona picha nzima lakini hushiki kitu. Na watu watakukumbusha ule ufa wa Machi 2018 uliokata barabara ya Mai Mahiu kwenda Narok, wakasema Afrika inagawanyika mbele ya macho yetu. Nilifika siku chache baadaye. Nilishika ukingo wake, ukamomonyoka mkononi kama unga wa ugali: majivu ya volkeno ya zamani, kutoka volkeno za jirani kama Suswa na Longonot. Mvua kubwa ilikuwa imeyasomba kutoka chini hadi juu pakakosa pa kushikilia. Bonde kweli linafunguka, ila ni milimita chache kwa mwaka. Wataalamu walibishana kama chini ya majivu yale kulikuwa na mpasuko wa zamani. Lakini shimo lile, kwa jinsi nilivyoliona, lilichimbwa na maji, na kuwaambia watoto kwamba bara lilipasuka usiku mmoja ni kuwanyima hadithi iliyo kubwa zaidi.

Jumamosi nyingine, chukua barabara ya Mombasa. Ukipita Athi River, kilima cha Lukenya kiko mkono wa kushoto. Kwenye uwanda unaokizunguka kuna mawe meusi yenye fuwele nyeupe kubwa kama ukucha: fonolaiti ya Kapiti, yapata miaka milioni 13. Kilima chenyewe ni kitu kingine kabisa. Ni naisi, mwamba uliopikwa na kukandwa ndani sana ya dunia zaidi ya miaka milioni 500 iliyopita, una mistari myeupe na myeusi kama mkeka. Lava ilipokuja, kilima kilikuwepo tayari, ikakizunguka kama maji yanavyozunguka kisiwa. Huko Machakos tulikuwa tukigonga naisi hiyo tunavunja meno ya kuchimbia mawili kwa siku.

Kuhusu gari: dogo linatosha kote nilikokutajia, barabara kuu ni lami. Jaza mafuta Kiserian, beba maji lita tano zaidi ya mnayodhani mtahitaji, ondokeni saa kumi na mbili asubuhi. Usisimame kwenye kona wala chini ya ukuta wa mawe uliokatwa, mawe hudondoka na malori hayana breki za kukuonea huruma. Egesha mbali, weka pembetatu, rudini kwa miguu. Mkiona mchungaji, msalimieni kwanza na mwombe ruhusa kabla ya kuingia, ardhi ile ina wenyewe. Lukenya vilevile, sehemu kubwa ni ya watu binafsi, uliza getini. Ukipata ruhusa, kaeni hadi saa kumi na moja jioni. Jua la upande huo hulipiga jiwe ubavuni na mistari yote inatokeza.