Mkopo wa nyumba wa milioni 60 unalipwaje milioni 200?

SWALI: Kaka mshauri, habari za kazi. Mimi na mume wangu tumepanga Ilomba hapa Mbeya, kodi 250,000 kwa mwezi. Tumepata nyumba Isyesye, mwenyewe anataka milioni 75. Tuna milioni 15 mkononi, na benki imekubali kutukopesha milioni 60 zilizobaki kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka, kwa miaka 20. Barua ya ofa inasema rejesho ni 834,754 kila mwezi. Mume wangu, ambaye anafanya biashara ya mbao za Mafinga, anasema asilimia 16 ya milioni 60 ni milioni 9.6, kwa hiyo tutalipa kama milioni 70 basi. Mimi nimezidisha rejesho kwa miezi 240, nikapata zaidi ya milioni 200. Nani kakosea, mimi, yeye au benki? Na je, tukope au tujenge kidogo kidogo kama wenzetu? Nina miaka 38, nimeajiriwa halmashauri.

JIBU: Dada, hesabu yako ndiyo sahihi, na benki nayo haijakosea. Shemeji ameruka maneno mawili tu: "kwa mwaka". Hiyo milioni 9.6 ipo kweli, ila ni ya mwaka mmoja, na mtakaa na deni miaka 20. Jumla yenu ni 200,340,000 na ushee. Milioni 60 ni deni lenyewe, milioni 140 ni riba.

Sasa chukueni karatasi mkae mezani, tuupige mwezi wa kwanza. Asilimia 16 kwa mwaka, ukigawa kwa 12, ni asilimia 1.33 na ushee kwa mwezi. Ya milioni 60, hiyo ni 800,000 kamili. Ninyi mtakuwa mmepeleka 834,754. Benki inachukua kwanza riba yake, 800,000, halafu kinachobaki ndicho kinachopunguza deni: 34,754. Pesa ya mifuko miwili ya saruji hivi. Mwezi wa pili deni ni 59,965,246, riba yake ni 799,537, na safari hii deni linapungua kwa 35,217. Mwezi wa tatu hivyo hivyo, hatua ya kinyonga. Mwaka wa kwanza ukiisha mtakuwa mmetoa milioni 10 na kidogo, na deni litakuwa limeshuka kwa 449,000 tu.

Endeleeni mbele. Baada ya miaka 5 mmelipa milioni 50, salio ni milioni 56.8. Baada ya miaka 10, ambapo mtu yeyote angedhani yuko katikati ya safari, mmelipa milioni 100 na bado mnadaiwa milioni 49.8. Nusu ya deni, yaani milioni 30, mtaifikia mkikaribia kumaliza mwaka wa 16. Miaka minne ya mwisho ndiyo inayobeba nusu nzima.

Nilipokuwa kwenye dawati la mikopo Iringa, alikuja mzee mmoja mwaka wa sita wa mkopo wake. Alikuwa ameuza shamba, anataka amalize deni apumzike. Alikuja na hesabu yake kwenye kipande cha daftari: jumla ya alichokopa, toa jumla ya alicholipa. Nilipomgeuzia kioo cha kompyuta aone salio, alinyamaza muda mrefu, kisha akaniuliza kwa upole kama mtambo unaweza kukosea. Hakuna aliyekuwa amemdanganya. Ila hakuna aliyekuwa amemwonyesha jedwali la marejesho, mstari kwa mstari, siku aliyosaini, na hapo nasema sisi wa upande ule wa meza tulikosa. Wewe lidai jedwali hilo kabla ya kusaini. Lina mistari 240, benki inalitoa kwa dakika moja.

Kwa hiyo swali la msingi kwenye mkopo wa nyumba ni muda, riba inafuata. Tazama: mkopo huohuo, riba hiyohiyo, mkiuchukua kwa miaka 15, rejesho ni 881,221. Ni nyongeza ya 46,467 tu kwa mwezi, lakini jumla inashuka hadi milioni 158.6. Mmeokoa karibu milioni 42. Kwa miaka 10 rejesho linafika 1,005,078 na jumla ni milioni 120.6. Ofisa mikopo mara nyingi atakupendekezea muda mrefu kwa sababu rejesho linaonekana jepesi na linaingia kwenye ile kanuni ya kubaki na theluthi moja ya mshahara. Si ubaya, ni kazi yake. Ila wepesi huo ndio uliokuletea milioni 200.

Hapa kwa shemeji ndipo penye raha, kwa sababu pesa ya mbao haiji kama mshahara. Inakuja kwa mafungu. Tuseme mwaka wa kwanza ukiisha ameuza vizuri, mnapeleka milioni 3 kwa mkupuo, mbali na rejesho la kawaida. Benki itawauliza, au haitawauliza na itajiamulia: tupunguze rejesho, au tupunguze muda? Mkipunguza rejesho, litashuka hadi kama 792,700 na miaka itabaki ileile. Ukitoa hiyo milioni 3 mliyopeleka, faida yenu hadi mwisho ni kama milioni 6.6. Mkiacha rejesho lilivyo na kukata muda, miezi 51 inafutika mkiani mwa mkopo. Miaka minne na zaidi, kwa milioni 3! Faida halisi inakaribia milioni 40. Siri ni kwamba ile milioni 3 imefanya, kwa siku moja, kazi ambayo marejesho yenu ya kawaida yangeifanya kwa miaka minne na ushee. Andikeni barua mseme wazi: "kiasi hiki kipunguze deni la msingi na muda, rejesho libaki lilivyo". Bakini na nakala yenye mhuri.

Hata kama mafungu hayapo, 100,000 ya ziada kila mwezi tangu mwanzo inaumaliza mkopo wa miaka 20 kwa miaka 12 na miezi michache, na inaokoa zaidi ya milioni 63. Kwa sababu hiyo huwa nawaambia watu wenye kipato cha kupanda na kushuka: ingieni mkataba wa miaka 20, lakini lipeni kama wa miaka 15. Matokeo ya hesabu ni yaleyale, na mwezi ambao lori la mbao limekwama kwenye matope mna ruhusa ya kurudi kwenye 834,754 bila kugombana na mtu. Masharti ni mawili: muwe na nidhamu, na mkataba uruhusu. Mikataba mingine ina tozo ya kulipa kabla ya muda. Kitafuteni kifungu hicho. Kama tozo ipo, ombeni ipunguzwe au iondolewe kwa malipo ya sehemu. Mteja kabla ya kusaini anasikilizwa kuliko mteja aliyekwisha kusaini.

Kifungu kingine cha kutafuta ni kile kinachosema benki "inaweza kubadili riba". Riba yenu ikitoka 16 ikaenda 18 tangu mwanzo, rejesho linakuwa 925,987, yaani 91,000 zaidi kila mwezi. Jipimeni kwa namba hiyo. Kama hapo mnaishiwa pumzi, mkopo ni mkubwa kwenu hata leo riba ikiwa 16. Na watu huniuliza: mbona redioni tunasikia riba ya Benki Kuu ni 5 na kitu? Ilipoanza kutumika Januari 2024 ilikuwa asilimia 5.5. Hiyo ni riba inayoongoza mikopo ya muda mfupi baina ya mabenki, haikuhusu wewe moja kwa moja. Benki inakukopesha miaka 20 kwa fedha za watu wanaoweza kuja kuzichukua kesho asubuhi, na pengo hilo unalilipia wewe. Ndiyo maana mwaka 2010 ikaanzishwa kampuni ya TMRC, kuyapa mabenki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo ya nyumba. Imesaidia, lakini kama unavyoona kwenye barua yako, bado hatujafika mbali.

Gharama za pembeni nazipitia haraka. Ada ya kuchakata mkopo, mthamini, wakili, kusajili rehani, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya nyumba: kila moja iandikwe kwa shilingi, msikubali asilimia tupu. Ushuru wa stempu wa kuhamisha umiliki ni asilimia 1, kwenu takribani 750,000. Hizi zote zinataka taslimu, na milioni 15 yenu mmekwisha kuipangia kazi nyingine, kwa hiyo jiulizeni zinatoka wapi. Kodi ya jengo si tatizo, inakatwa kwenye LUKU, 1,500 kwa mwezi kwa nyumba ya kawaida. Kinachosahaulika ni matengenezo. Mvua za Mbeya mnazijua, kuanzia Novemba hadi Aprili nyumba ya mteremkoni inadai mifereji na ukuta wa kuzuia udongo. Kabla hamjalipa, nendeni Isyesye siku mvua inanyesha, mtazame maji yanapita wapi.

Sasa lile la mwisho, kukopa au kujenga. Kodi yenu ya 250,000 kwa miaka 20, kama isingepanda, ni milioni 60 kamili. Riba peke yake ni milioni 140. Kwa hiyo wanaosema "kodi ni kutupa pesa" wajue na riba nayo inatupwa, tena kwa koleo. Upande wa pili, niutendee haki mkopo: shilingi ya mwaka wa 20 si ya leo. Bei zikipanda kwa asilimia 4 kwa mwaka, rejesho la 834,754 la mwaka ule litakuwa na nguvu ya kama 381,000 za sasa, wakati mwenye nyumba wa Ilomba atakuwa amekwisha kuwapandishia mara kadhaa. Na mnahamia kesho, watoto wanakua kwenu.

Mkiamua kujenga: tofauti ya rejesho na kodi ni 584,754. Mkiweza kuitunza hiyo kila mwezi, milioni 60 inatimia kwa miaka 8 na miezi 7. Nasema mkiweza. Nimeona misingi mingi Uyole na Iwambi iliyoota majani, saruji iliyogandia stoo, na tofali mbichi zilizorudi kuwa udongo masika ya kwanza. Ujenzi wa kidogo kidogo nao una riba yake, haiandikwi popote.

Mimi kwa hali yenu ningepita katikati. Milioni 15 inunue kiwanja kilichopimwa na ianzishe nyumba ndogo ya uani, vyumba viwili na choo, mhamie, kodi ife. Kisha mkope kidogo kumalizia nyumba kubwa. Milioni 20 kwa asilimia 16, miaka 5, rejesho ni 486,361, na jumla milioni 29.2. Riba milioni 9.2, si 140. Ila hapo muwe macho kwa jambo moja. Ulizeni kama riba inahesabiwa kwenye salio linalopungua, au ni ile maofisa wanayoiita flati, inayohesabiwa kwenye deni la mwanzo hadi mwisho. Milioni 20 kwa asilimia 16 ya flati, miaka 5, mtalipa milioni 36. Asilimia ni ileile, tofauti karibu milioni 7. Swali hilo moja, ulizeni hata kwenye SACCOS ya kazini.

Na kama moyo umekwisha kuhamia kwenye nyumba ile ya Isyesye, na naelewa, kuishi na mafundi si kazi ya kila mtu (mke wangu alinipa mwaka mmoja tu), basi chukueni mkopo lakini shukeni miaka 15, au 20 yenye ruhusa ya kulipa zaidi bila tozo. Kwa miaka 15 utamaliza ukiwa na 53, kabla hata ya kustaafu kwa hiari. Kwa 20 utakuwa na 58, miaka miwili tu kabla ya kustaafu kwa lazima. Hati ikaguliwe kwanza ofisi ya ardhi. Na shemeji mwende naye benki, kwa sababu nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenza wa ndoa, saini yake itahitajika. Akifika, mwache yeye ndiye aombe lile jedwali.