Umeambiwa umevamia eneo la shule? Usikimbilie Baraza la Ardhi

Mkuu uliyeuliza kuhusu mzee wako wa Isyesye, hapa Mbeya, aliyenunua shamba mwaka 1989 na sasa kapewa notisi ya siku 30 abomoe kwa madai kwamba yuko ndani ya eneo la shule, pole sana. Wadau wengi hapo juu wanakushauri uende Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Usiende. Baba yangu mdogo wa Igawilo alipelekwa huko na watu wenye nia njema kabisa. Siku ya siku wakili wa halmashauri akasimama na pingamizi la awali, kwamba kesi imefunguliwa pasipostahili, kesi ikaondolewa kabla shahidi hata mmoja hajafungua mdomo.

Tangu sheria ya mashauri dhidi ya serikali, Sura ya 5, ifanyiwe mabadiliko mwaka 2020, ukiishtaki halmashauri, wakala au shirika la umma unafungua Mahakama Kuu, na Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima awemo kati ya wadaiwa. Ukimwacha, kesi nzima imeharibika hata kama haki iko kwako. Kabla ya kufungua unapeleka notisi ya siku 90 kwa unayemshtaki, nakala kwa Mwanasheria Mkuu na Wakili Mkuu wa Serikali. Kwa sisi wa Mbeya, Mahakama Kuu iko hapa mjini.

Utauliza: wao wamenipa siku 30, mimi nisubiri 90, si watakuwa wameshabomoa? Hapo ndipo wengi hukata tamaa bure. Mahakama Kuu hupokea maombi ya zuio, yaani amri ya kuwasimamisha wasibomoe, wakati notisi yako bado inakimbia. Mawakili huliita zuio la Mareva. Uonyeshe kwamba kuna hoja ya kweli ya kuamuliwa, na kwamba wakibomoa, hasara yake haitazibwa na fedha. Baba mdogo alilipata, tingatinga halikuja. Kwa hili tafuta wakili, hata mkichangishana ukoo mzima. Vishoka wanaozungukazunguka nje ya mahakama hawaliwezi.

Sasa ushahidi. Kila mtu huja na "tumekaa hapa zaidi ya miaka 12". Hiyo mpelekee jirani yako, kwa serikali haikufikishi mbali. Kinachogombewa ni nani alitangulia, mzee au ramani. Shule nyingi za huku zilianza maeneo haya yakiwa bado vijiji: mzee fulani alitoa shamba kwa mdomo, mpaka ukawa mstari wa miti ya milingoti, basi. Jiji likapanuka, mchoro wa mipango miji ukachorwa mezani, na mstari ukapita jikoni kwa watu. Kama mzee wako alikuwepo kihalali kabla ya huo mchoro, hajavamia kitu. Haki ya kimila juu ya ardhi ni mali inayolindwa na Katiba. Mahakama ya Rufani ilishalisema hilo mwaka 1994 katika shauri la Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay. Wakilitaka eneo, walitwae kwa utaratibu na walipe fidia ya ardhi, majengo, mazao na posho ya usumbufu. Lakini kama shule ilipimwa kwanza, kisha mjanja mmoja akamuuzia mzee kipande, ambianeni ukweli mapema nyumbani. Muuzaji hakuwa na cha kuuza, na yeye ndiye wa kudaiwa.

Kwa hiyo andika barua ofisi ya ardhi kuomba ramani ya upimaji iliyoidhinishwa, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa, halafu angalia tarehe ya upimaji. Sisi tulimlipa pia mpima binafsi aliyesajiliwa. Akafukua bikoni, yaani alama za mipaka ya upimaji, zilizozama kwenye udongo: zizi la ng'ombe na migomba ya nyuma vilikuwa ndani ya shule kweli, nyumba ilikuwa nje. Kumbe halmashauri walikuwa wanapima kwa macho kutoka kwenye milingoti! Baada ya ripoti hiyo wanasheria wao walilegea wenyewe, ikasainiwa hati ya maridhiano na kusajiliwa mahakamani. Zizi likahamishwa, nyumba imebaki. Mama mdogo mpaka leo analia na migomba yake.

Mdau aliyechomekea habari ya nyumba iliyochorwa alama ya X ya kubomolewa kando ya barabara pale Uyole, lako ni jingine. Sheria ya Barabara ya mwaka 2007 inaipa barabara kuu mita 30 kila upande kutoka katikati; zamani zilikuwa 22.5. X nyekundu maana yake uliifuata barabara, hulipwi. Ya kijani, barabara imekufuata wewe, unalipwa. Kama una nyekundu na ulijenga kabla ya 2007, chukua futi kamba upime mwenyewe. Ukiangukia kati ya 22.5 na 30, andika pingamizi haraka.

Mkuu wa Isyesye, tupia hapa picha ya notisi, ufute majina. Nataka kuona imesainiwa na nani na lini, maana siku zako 30 zinahesabiwa tayari.