Kijiti kinachosokota wakati: ningeanza na dakika za foleni

Mheshimiwa Mhariri,

Swali la juma hili lilisema: ukipewa kijiti cha ajabu kinachosokota nyuzi za wakati, ungesokota nini, na kitambaa chake ungempa nani? Mimi ni fundi wa nguo hapa Goma, mashariki mwa Kongo, mtaani Majengo, na kutwa nzima mkono wangu hauachani na uzi. Naomba basi nijibu kifundi, nikianza na chombo chenyewe kabla ya kufika kwenye maajabu yake.

Kusokota si kuumba. Anayesokota pamba huchukua nyuzinyuzi fupi, ambazo hata urefu wa kidole hazifiki, huzivuta zipishane kidogo, kisha huzipota mpaka zikabane zenyewe kwa zenyewe. Hakuna gundi wala fundo, msokoto ndio unaozishika. Koko yangu, yaani nyanya mzaa baba, alikuwa akisokota kamba za katani za kufungia mbuzi juu ya paja lake, nami nikiwa mtoto nilikaa mbele yake nikimtazama. Alisukuma nyuzi mbili kwa kiganja kuelekea gotini, kila uzi ukijipota peke yake, kisha akazirudisha pamoja kuelekea kwake, na hapohapo zikaviringiana zikawa kamba moja, kwa sababu kila uzi ulitaka kufunguka na mwenzake ukauzuia. Mahali kamba ilipopita miaka yote hiyo, ngozi ya paja lake ilikuwa laini, haina unyweleo hata mmoja.

Nayaeleza haya kwa sababu nahisi wasomaji wengi watajibu kwamba wangekizungusha kijiti kinyume ili wakati urudi nyuma. Sisi wa Goma hatuwezi kuishangaa tamaa hiyo. Tarehe 17 Januari 2002 lava ya Nyiragongo, mlima wetu wa volkano, ilipita katikati ya mji mpaka ziwani, ikafunika hata sehemu ya njia ya kurukia ndege. Nani hapa hajawahi kutamani kuifuta siku ile? Lakini uzi ukiuzungusha kinyume haurudi kuwa pamba iliyo shambani; unalegea tu, kisha unakatika mkononi. Mji tulionao leo umejengwa juu ya lava ileile, kuta nyingi zimejengwa kwa mawe yake, na watu wamekutana, wakaoana na kuzaa katika vitongoji walivyohamia kwa sababu yake. Anayetaka kuifumua siku moja lazima awafumue na hao.

Hata 22 Mei 2021, mlima ulipolipuka tena, nisingeigusa, ingawa hiyo ninayo hadi leo kwenye nguo. Ilikuwa Jumamosi jioni, nami nilikuwa nikimalizia libaya, yaani blauzi, la kikwembe (kitenge) cha buluu la mteja aliyekuwa na harusi ya mdogo wake. Mbingu upande wa mlima zikawa nyekundu, watu wakaanza kupiga kelele barabarani, nikaacha mkono wa libaya chini ya sindano ya cherehani na kukimbia na watoto. Lava ilisimama Buhene, haikuingia katikati ya mji. Lakini matetemeko hayakutuacha, na siku tano baadaye wakazi wa mitaa mingi waliamriwa kuondoka, nasi tukaelekea mji wa Sake pamoja na umati. Niliporudi, libaya lilikuwa palepale, mguu wa cherehani bado umelibana. Uzi ule wa buluu sikuupata tena sokoni, nikamalizia kwa mwingine uliokoza kidogo. Ukilitazama kwapani utaona mahali mshono unapobadilika rangi. Mteja aliniuliza kama ninaweza kuufumua wote na kuushona upya, nikamwambia ninaweza, kisha yeye mwenyewe akakataa.

Basi ningesokota nini? Ningesokota dakika za kusubiri. Hizo ndizo pamba ya Goma: fupi, nyingi, zimetapakaa kila mahali, na hakuna anayezihesabu kuwa mali. Kuna za kusubiri umeme urudi pasi ipate moto, za mpakani, za kumsubiri mtu wa chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo, aliyesema yuko njiani. (Kuna pia ile saa moja iliyo kati yetu na Kinshasa, maana nchi yetu ina majira mawili, kila nikimpigia simu kaka yangu aliyeko huko, kwake ni saa moja nyuma, na sijapata kujua hiyo ya ziada anaiweka wapi.) Dakika moja ya foleni haimfai mtu kitu, lakini zipishanishe, zipote, utapata uzi mrefu.

Sharti langu ni moja: dakika zirudi kwa yule aliyezisubiri. Najua wakubwa ambao, wakipewa kijiti hiki, wangesokota asubuhi za watu wengine na kujifumia makoti marefu. Tena siamini kwamba kinaweza kurefusha maisha ya mtu. Wafumaji wa kabila la Wakuba kule Kasai hufuma rafia, yaani nyuzi za majani ya mwale, bila kuisokota, kwa hiyo kitambaa chao hakizidi urefu wa jani lenyewe, na nadhani umri nao ni wa namna hiyo: urefu wa jani hauulizwi.

Kitambaa changu kingekwenda kwa binti wa jirani yangu, mwenye miaka kumi na mmoja. Huamka kabla ya alfajiri, akapanga bidoni lake la njano, yaani dumu la maji, kwenye foleni ya bomba, akangoja, akalibeba hadi nyumbani, ndipo aende shule. Mchana hupita kwenye kibanda changu akisema amekuja kunisaidia kuokota vipande, na kabla sijamaliza upindo mmoja amekwisha kulala juu ya gunia la mabaki ya vikwembe, daftari likiwa bado mkononi. Asubuhi zake zote za bomba ningezisokota uzi mmoja, nimfumie shuka la usingizi la kumtosha toka kichwani hadi miguuni, na siku atakayolijaribu, foleni ningeisimamia mimi.