Nina deni la mkopo binafsi: nyumba ninayoishi inaweza kupigwa mnada?

Swali: Habari za kazi, wakili. Nilikopa shilingi milioni 22 kwa kampuni ya mikopo, nikalipa ada za watoto na kununua fenicha. Nikakwama, na kwa riba deni limefika milioni 41. Wamenishtaki mahakama ya wilaya, na ofisa wao ananipigia akisema ataleta dalali auze nyumba yangu ya Mbagala. Naishi humo na mke wangu na watoto watatu. Hati ninayo mwenyewe. Wanaweza?

Jibu: Ndugu yangu, kwanza itafute nakala ya ulichosaini, usome kichwa cha kila ukurasa. Nimeshakutana na mtu aliyeamini amesaini fomu ya mkopo, kumbe katikati umechomekwa "Mkataba wa Mauziano ya Nyumba", yeye kaandikwa muuzaji, na bei ni kiasi kilekile alichokopa. Ukikuta karatasi ya aina hiyo, au inayotaja nyumba kuwa dhamana, mpelekee wakili kesho asubuhi. Hata hapo, nyumba ya ndoa haiwekwi rehani wala haiuzwi bila ridhaa ya mkeo. Sheria ya Ndoa ya 1971 na Sheria ya Ardhi ya 1999 zinamlinda.

Kama nyumba hukuiweka dhamana, ofisa huyo anakutisha tu. Lazima washinde kesi, waombe kukaza hukumu (yaani mahakama iamuru itekelezwe), na dalali atakayekuja awe wa mahakama, mwenye amri mkononi. Na Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, inasema nyumba anayoishi mdaiwa na mkewe na watoto wanaomtegemea haikamatwi. Inaniuma kuona watu wanahama usiku kwa hofu, kwa sababu kinga yenyewe inatokana na kuishi humo. Msihame.

Nyumba nyingine uliyopangisha, kiwanja, gari, fedha za benki: hivyo vinakamatika. Tena deni bovu huonekana kwenye taarifa zako za mikopo, na ukienda benki kuomba mkopo wa nyumba wataliona.

Tarehe ya kesi usiikose. Ukikosa, watapewa hukumu ya upande mmoja, na hiyo milioni 41 itapita bila mtu kuihoji. Dai mchanganuo wa riba, uliza na leseni yao chini ya Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya 2018. Wakipata amri ya kukamata nyumba, ipinge mahakamani kabla ya mnada, maana ikishauzwa, kuirudisha ni kazi ya miaka.